Mwamba wa Mombasa Aliyeichezea Kenya Michezo Miwili, Akastaafu, Kisha Akarudi na Miaka 39 Kuwabana Waaustralia

Tarehe 15 Machi 2003, mji wa Durban, Afrika Kusini. Kombe la Dunia la kriketi limefika patamu. Australia, mabingwa watetezi ambao hawajapoteza hata mechi moja kwenye mashindano hayo, wanacheza na Kenya. Wanahitaji mikimbio 175 tu ili washinde, na tayari wamefikisha 109 huku wachezaji wao wawili tu wakiwa wametolewa. Kiufupi mechi imeisha, watu wanasubiri muda tu.

Hapo ndipo mpira unapokwenda kwa mzee mmoja wa Kenya. Ana miaka 39. Alishastaafu tangu 1999. Maisha yake ya kila siku ni biashara ya bima, siyo mpira. Harushi kwa kasi, hana misuli ya kutisha, na ukimweka pembeni ya vijana wa Australia unaweza kudhani ni kiongozi wa msafara aliyekosea njia akajikuta uwanjani.

Dakika chache baadaye Australia wana 117 na wachezaji watano wako nje. Watatu kati yao wametolewa na mzee huyo huyo. Uwanja mzima umeduwaa.

Jina lake ni Aasif Karim, mzaliwa wa Mombasa. Na kama unadhani hiyo ndiyo ajabu yake peke yake, subiri kwanza. Jamaa huyu kabla ya kriketi kumpeleka Kombe la Dunia, alishaichezea Kenya tenisi kwenye Davis Cup, ile michuano ya timu za taifa. Michezo miwili, jezi mbili za taifa, mtu mmoja.

KRIKETI NI NINI HASA?

Tuwe wakweli. Ukitaja kriketi kijiweni Mbinga mjini, au pale ufukweni Mbamba Bay, wengi watakwambia "ule mchezo wa Wahindi" na mazungumzo yatarudi kwenye Simba na Yanga. Hakuna ubaya. Lakini ili uelewe alichofanya Karim inabidi ujue mambo machache tu.

Katikati ya uwanja kuna vijiti vitatu huku na vijiti vitatu kule. Mrushaji anarusha mpira akilenga vijiti. Mpigaji amesimama mbele ya vijiti na gongo mkononi, kazi yake ni kuvilinda na wakati huohuo kuupiga mpira mbali ili apate mikimbio. Mpira ukibiringika mpaka nje ya mpaka wa uwanja, anapata 4. Ukitoka hewani bila kugusa chini, anapata 6. Mpigaji akitolewa, hiyo ni wiketi. Mipira sita ni ova moja, na kwenye Kombe la Dunia kila timu inapewa ova 50.

Sasa kuna warushaji wa aina mbili. Kuna wa kasi, wanaokuja mbio kama basi la Songea lililochelewa, mpira unapita mpigaji hajakunja hata goti. Halafu kuna wa taratibu, wanaozungusha mpira kwa vidole. Huyu wa pili mpira wake unaonekana mwepesi kabisa, unakuja unaelea, mpigaji anatamani kuupiga mpaka mtaa wa pili. Tatizo ni kwamba ukidunda chini unakata kona. Ukikosea kidogo tu umekwisha.

Karim alikuwa wa aina hiyo ya pili, na alirusha kwa mkono wa kushoto. Silaha yake ilikuwa uvumilivu. Mpira wa kwanza pale, wa pili palepale, wa tatu palepale, mpaka mpigaji anachoka kusubiri na kufanya upuuzi mwenyewe.

KWA NINI MOMBASA, KWA NINI MICHEZO MIWILI

Karim alizaliwa tarehe 15 Desemba 1963, siku tatu baada ya Kenya kupata uhuru. Yaani huyu na nchi yake ni rika moja kabisa.

Kriketi ililetwa Afrika Mashariki na Waingereza, na familia zenye asili ya India na Pakistan zikaishika kwa mikono miwili. Miji kama Mombasa, Nairobi, Kampala na Dar es Salaam ikawa na klabu za michezo za jamii hizo na za wazungu. Klabu hizo hazikuwa uwanja mmoja tu. Ndani ya ukuta mmoja unakuta kiwanja cha kriketi, pembeni viwanja vya tenisi, mbele kidogo meza za kuchezea hiki na kile. Mtoto aliyekulia humo hakuambiwa achague mchezo mmoja. Asubuhi gongo la kriketi, jioni raketi ya tenisi, na wikendi vyote viwili.

Karim alitoka kwenye mazingira ya namna hiyo, kwenye familia inayopenda michezo, na mapenzi hayo hayakuishia kwake. Mwanawe Irfan naye alikuja kuichezea Kenya kriketi.

Hapa kuna jambo la kulitafakari kidogo. Watu wengi wakisikia mtu kacheza michezo miwili kwa taifa wanasema ana kipaji cha ajabu. Ni kweli alikuwa nacho. Lakini kipaji kilikuta viwanja viwili vimeshajengwa, vimefyekwa, vina neti. Mtoto wa Liuli au Lituhi mwenye mkono kama wa Karim pengine hatajua maisha yake yote kwamba anao, kwa sababu hajawahi kushika raketi hata ya kuazima. Kipaji kisichokuta kiwanja kinabaki stori ya "yule dogo alikuwa hatari" inayopigwa kijiweni.

Miaka ya 1980 ndipo Karim aliposimama kwenye tenisi ya Kenya mpaka Davis Cup. Kipindi hichohicho nchi hiyo ilikuwa inamlea Paul Wekesa, ambaye aliamua tenisi ndiyo maisha yake, akaenda kucheza kulipwa nje na kushinda mataji matatu ya wachezaji wawili wawili kwenye mzunguko wa dunia wa ATP. Karim hakupita njia hiyo. Yeye alibaki nyumbani, akaendelea na kriketi, na riziki akaitafuta kwenye biashara.

SIYO YEYE PEKE YAKE DUNIANI

Watu wa michezo miwili wapo duniani, na kundi maarufu zaidi linatoka Ayalandi. Kule kuna mpira wao wa asili, wanauita wa Kigaeli. Timu ina watu 15, mpira ni wa duara, unaruhusiwa kuushika, kuupiga teke na kuupiga ngumi. Ni mchezo wa parokia na vijiji: unachezea ulikozaliwa, na huna mshahara. Mwalimu, mkulima, fundi bomba, polisi, wote Jumapili wako uwanjani mbele ya maelfu ya watu, Jumatatu wako kazini.

Australia nao wana mpira wao, wachezaji 18 kila upande, mpira wa umbo la yai, uwanja nao wa umbo la yai. Kule wanalipwa, tena vizuri. Klabu za Australia zikagundua kwamba vijana wa Ayalandi wanaweza kufundishwa mchezo huu kwa sababu mikono na miguu yao imeshazoea kazi inayofanana. Jim Stynes wa Dublin alikwenda hivyo katikati ya miaka ya 1980, na mwaka 1991 akatwaa medali ya Brownlow, ile ya mchezaji bora wa ligi nzima ya Australia.

Halafu kuna Tadhg Kennelly wa Kerry. Mwaka 2005 alishinda ubingwa wa Australia akiwa na Sydney Swans, klabu ambayo ilikuwa haijashinda ubingwa kwa miaka 72. Miezi isiyofika mitatu baadaye baba yake, Tim, akafariki. Mzee huyo alikuwa na medali tano za ubingwa wa Ayalandi akiwa na Kerry. Mwaka 2009 Kennelly aliacha mshahara wa Australia, akarudi nyumbani kucheza bure kwenye jezi ya baba yake, na mwaka huohuo Kerry wakawa mabingwa wa Ayalandi. Baada ya hapo akarudi zake Sydney.

Aisee, fikiria kijana wa Ruvuma anacheza Ulaya, analipwa, halafu anaomba ruhusa mwaka mzima arudi kuchezea timu ya nyumbani bila senti. Mtaa mzima utasema karogwa. Kennelly hakurogwa. Alijua kuna heshima ambayo klabu inakununulia na kuna nyingine ambayo unaipata nyumbani tu.

Tofauti ya hao na Karim ni mbili. Kwanza, mpira wa Ayalandi na wa Australia ni kama ndugu, unahamisha ujuzi kutoka huku kwenda kule. Tenisi na kriketi havifanani hivyo. Tenisi uko peke yako, hakuna wa kukusaidia ukikosea. Kriketi mko 11 na unaweza kukaa muda mrefu bila kugusa mpira. Pili, Stynes na Kennelly walikuwa na sehemu moja ya kulipwa. Karim hata mchezo mmoja kati ya miwili yake haukuwa wa kumfanya atupe kazi ya mchana.

KENYA YA WATU WENYE KAZI ZAO

Mwaka 1975, kwenye Kombe la Dunia la kwanza la kriketi, kulikuwa na timu inaitwa Afrika Mashariki. Wachezaji walitoka Kenya, Uganda, Tanzania na Zambia, nahodha akiwa Harilal Shah. Walicheza mechi tatu, wakapigwa zote tatu. Baadaye Kenya ikajitoa na kusimama yenyewe. Wengine wakaunda timu ya Afrika Mashariki na Kati, na humo Tanzania na Malawi wakawa jezi moja. Ndiyo, pande mbili za Ziwa Nyasa zilishawahi kuchezea timu moja, na wengi wanaovua usipa kwenye ziwa hilo hawajui habari hii.

Kenya ilipojitenga ikaanza kupanda ngazi. Mwaka 1994 ilifika fainali ya mashindano ya nchi zisizo na hadhi ya juu ya kriketi, yaliyofanyika Nairobi, ikafungwa na Falme za Kiarabu, lakini tiketi ya Kombe la Dunia la 1996 ikapatikana.

Tarehe 29 Februari 1996, pale Pune nchini India, ndipo dunia ilipoisikia Kenya kwa mara ya kwanza. Walitolewa kwa mikimbio 166 tu na kila mtu akajua West Indies watamaliza kazi mapema. West Indies hao walikuwa na Brian Lara, mmoja wa wapigaji hatari kuwahi kutokea. Lara akarushiwa na Rajab Ali, mpira ukagusa gongo, ukaishia mikononi mwa mdaka mpira wa nyuma, Tariq Iqbal. Lara nje. West Indies wote wakatolewa kwa mikimbio 93. Nahodha wa Kenya alikuwa Maurice Odumbe, na Aasif Karim alikuwemo kwenye kikosi hicho, akirusha zile ova zake za taratibu katikati ya mechi.

Wakati huo wachezaji wengi wa Kenya walikuwa watu wenye kazi zao. Mtu anaomba ruhusa ofisini, anakwenda kumtoa jasho bingwa wa dunia wa zamani, kisha anarudi kujibu barua. Unacheka, lakini hivyo ndivyo ilivyokuwa.

Baada ya hapo Karim akapewa unahodha. Chini yake, mwezi Mei 1998, Kenya iliifunga India kwa tofauti ya mikimbio 69 pale Gwalior, ndani ya India kwenyewe. Mwaka uliofuata akaiongoza Kenya kwenye Kombe la Dunia la 1999 kule Uingereza. Safari hii hakukuwa na maajabu. Mechi tano, vipigo vitano. Karim akatundika daluga. Alikuwa na miaka 35, ana biashara, ana familia, ameshaiongoza nchi yake kwenye Kombe la Dunia. Nani angemlaumu?

SIMU YA KURUDI

Ilipokaribia 2003, Kenya ilihitaji mrushaji wa taratibu mwenye uzoefu. Walipoangalia huku na kule, jina lililorudi lilikuwa lilelile. Karim akaitwa.

Hapa ndipo wengi wetu tungeharibu. Mtu akishastaafu akaitwa tena, anaweza kuja na majivuno kwamba bila yeye mambo hayaendi. Au anaweza kukataa kwa kuogopa aibu, maana miaka 39 kwenye Kombe la Dunia ni mtego, ukifanya vibaya watu watasema "si alishazeeka, alifuata nini?" Karim alikuja, na hakucheza kila mechi. Kuna siku alikaa nje akiangalia vijana wakifanya kazi.

Na vijana walifanya kazi kweli. Waliifunga Canada. New Zealand wakagoma kwenda Nairobi kwa sababu za kiusalama, pointi zikaenda Kenya. Tarehe 24 Februari, Nairobi hiyohiyo, Sri Lanka wakalala kwa mikimbio 53, siku ambayo Collins Obuya alitoa wapigaji watano kwa mikimbio 24. Bangladesh nao wakapigwa. Hatua iliyofuata Zimbabwe wakapigwa kwa wiketi saba. Kenya ikawa imeshakata tiketi ya nusu fainali, nchi ambayo haikuwa hata na hadhi ya kucheza kriketi ya Test, ile ya siku tano ya wakubwa. Mpaka hapo hakuna nchi ya aina hiyo iliyokuwa imefanya hivyo.

Wapo waliosema ni bahati, eti bila New Zealand kugoma wasingefika. Mechi ya Australia ndiyo ilikuwa ya kuwaumbua.

USIKU WENYEWE

Ilianza vibaya mno. Mrushaji wa kasi wa Australia, Brett Lee, alitoa Wakenya watatu kwa mipira mitatu mfululizo. Ubao ukasomeka mikimbio 3, watu 3 nje. Ukiwa na moyo mwepesi unazima tivii hapo.

Lakini Ravi Shah akasimama na kupata 46. Nahodha Steve Tikolo akapata 51. Hitesh Modi akamaliza na 39 bila kutolewa. Kenya wakafika 174 na wachezaji wanane nje. Siyo nyingi, lakini siyo aibu.

Australia wakaingia. Adam Gilchrist alikuwa na haraka zake, akapiga mikimbio 67 kwa mipira 43 tu. Warushaji wa kasi wa Kenya walikuwa wanamlisha, kila mpira unaokuja kwa kasi unatoka kwa kasi zaidi. Gilchrist akatoka, lakini ubao ulikuwa tayari umekaa vizuri kwao.

Karim akapewa mpira. Hakubadilisha chochote alichokuwa amekifanya maisha yake yote. Mpira wa taratibu, mahali palepale, tena na tena. Waaustralia waliokuwa wanatumia kasi ya mrushaji kupata nguvu ghafla wakajikuta hawana kasi ya kuitumia. Kila mkimbio ikabidi waujenge wenyewe kuanzia msingi, na fundi hawakuwa nao.

Wa kwanza kuondoka alikuwa nahodha wao, Ricky Ponting. Baada yake Darren Lehmann. Kisha Brad Hogg, ambaye hakupata hata mkimbio mmoja. Kutoka 109 na wawili nje, mpaka 117 na watano nje. Ikumbukwe hawa ndio waliomaliza mashindano hayo bila kufungwa, na siku nane baadaye Ponting huyohuyo akapiga 140 kwenye fainali dhidi ya India. Hawakuwa timu mbovu iliyoshtukizwa. Walikuwa bora duniani, na mtu wa bima kutoka Mombasa alikuwa amewafunga kamba.

Mwisho wa siku Australia walishinda. Andrew Symonds na Ian Harvey walitulia wakafikisha mikimbio, kwa wiketi tano mkononi. Hakuna aliyeshangaa kwamba Kenya ilifungwa. Ila zawadi ya mchezaji bora wa mechi haikwenda kwa mshindi. Ilikwenda kwa Aasif Karim.

Takwimu zake ziliandikwa hivi: 8.2, 6, 7, 3. Maana yake alirusha ova nane na mipira miwili. Ova sita kati ya hizo hazikutoa mkimbio hata mmoja. Kwa jumla alitoa mikimbio saba tu. Wiketi tatu. Piga hesabu: mipira 50, mikimbio 7, dhidi ya Australia ya 2003. Gilchrist kabla yake alikuwa amepata 67 kwa mipira michache kuliko hiyo.

Tarehe 20 Machi, uwanja uleule wa Durban, Kenya ikacheza nusu fainali na India. Sourav Ganguly akapiga 111 bila kutolewa, India wakafika 270, Kenya wakaishia 179. Safari ikaisha, na Karim akastaafu tena, safari hii moja kwa moja. Mechi za kimataifa za siku moja zilizo kwenye kumbukumbu zake ni 34, wiketi 27. Ukiziangalia namba hizo bila kujua habari, utapita. Hazina kelele.

KILICHOFUATA KINAUMA

Ungetegemea baada ya 2003 Kenya iwe moto. Nchi imefika nusu fainali, vijana wanajulikana, Collins Obuya amepata nafasi ya kwenda kucheza Uingereza na Warwickshire. Watu walikuwa wanaongea kabisa kuhusu Kenya kupewa hadhi ya Test.

Haikutokea. Mwaka 2004 Maurice Odumbe alifungiwa miaka mitano kwa kupokea pesa kutoka kwa watu wa kamari. Migogoro ya viongozi na wachezaji kuhusu malipo ikawa wimbo wa kila siku. Kombe la Dunia la 2011 Kenya ilipoteza mechi zote sita. Mwaka 2014 ikapoteza hata hadhi ya kucheza mechi rasmi za kimataifa za siku moja. Miaka 11 tu kutoka nusu fainali mpaka nje ya mlango.

Ukirudi nyuma na kuangalia, dalili ilikuwepo siku ileile ya shangwe. Nchi ilipohitaji mrushaji wa taratibu ilibidi imrudishe mtu aliyestaafu miaka minne nyuma. Sote tulifurahia stori ya mzee aliyerudi na kuwabana Waaustralia, na ni stori tamu kweli. Lakini upande wake wa pili ni swali: aliyetakiwa kuwa amechukua nafasi yake alikuwa wapi? Kwa nini hapakuwa na kijana wa miaka 22 aliyefundishwa kazi ile? Karim alilipa deni ambalo halikuwa lake.

Mtu mmoja mwenye moyo anaweza kuificha shida ya mfumo mzima kwa usiku mmoja. Hawezi kuificha kwa miaka kumi.

HAPA KWETU RUVUMA

Ukienda upande wa ziwa, kuanzia Mbamba Bay, Liuli mpaka Lituhi, utamkuta mtu usiku yuko ziwani na taa anavua usipa, mchana yuko shambani kwenye mihogo. Ukipanda juu huku Umatengoni, mkulima ana kahawa, na kwenye ngoro zake anapokezanisha mahindi na maharage. Hakuna anayemwambia mvuvi achague moja. Kila mtu anajua kwamba ziwa likichafuka, shamba litakula nawe.

Lakini mtoto huyohuyo akienda uwanjani tunamwambia achague. "Wewe mpira wa miguu tu, achana na kukimbia." "Wewe netiboli tu." Tena wengine tunawaambia wakiwa na miaka 12. Karim hakuchagua mapema, na usiku ule wa Durban alikuwa mtu aliyezoea kusimama peke yake kama kwenye tenisi na kusubiri kama kwenye kriketi. Inawezekana kabisa mchezo mmoja ulikuwa unamfundisha mwingine.

Na kwa upande wa pili tusidanganyane. Mvuvi analima kwa sababu samaki peke yake hawatoshi. Karim aliuza bima kwa sababu jezi ya taifa haikulipa ada za shule. Kucheza michezo miwili ni sifa. Kucheza kwa taifa miaka karibu ishirini bila mchezo kukulisha ni habari nyingine, na hiyo siyo ya kupigia makofi tu. Ndiyo sababu wenzake wengi walichoka, na ndiyo sababu mlango uliofunguka 2003 ulijifunga wenyewe.

Songea kuna Uwanja wa Majimaji, na Majimaji yenyewe ilishafanya makubwa enzi zake kwenye ligi ya nchi hii. Kila wilaya ya mkoa huu ina watu waliocheza, wakakimbia, wakaruka, halafu wakarudi kwenye kahawa na nyavu bila mtu kuandika hata mstari mmoja. Karim ana bahati moja kubwa: mechi yake ilirekodiwa, namba zake zipo, 8.2, 6, 7, 3, hazifutiki. Wa kwetu wengi hawana hata picha.

Wadau wa Mbinga, Nyasa na Songea, nani kwenu alicheza michezo miwili na mtaa ukamsahau? Mwalimu wa zamani, mama aliyekuwa moto kwenye netiboli na mbio, mzee wa bandarini aliyekuwa kipa na muogeleaji? Mwandike hapo chini: alicheza nini, wapi, enzi zipi. Kama ni mtu wa kawaida asiyependa kujulikana, muombe ruhusa kwanza kabla ya kumtaja jina.